Naomba ushauri: shemeji aliyekuwa mwanajeshi na mama mdogo aliyenusurika Malakal wanaishi katika nyumba yetu moja

MwalimuKasarani

Ndugu zangu, salamu. Nimeolewa na mwanamume kutoka Malakal, mji ulio kando ya Mto Nile katika jimbo la Upper Nile nchini Sudan Kusini, na tunaishi Kasarani pamoja na watoto wetu. Mimi ni Mkenya na mwalimu wa shule ya msingi. Baba mkwe wangu, ambaye sasa ni marehemu, alikuwa Mnuer mwenye wake wawili: mmoja Mnuer mwenzake, na mwingine, yaani mama yake mume wangu, Mshilluk. Sipendi kuanza maelezo kwa kabila, lakini msipoyajua hayo hamtaelewa kwa nini nyumba yangu haina amani.

Mama mdogo wa mume wangu, yaani dada wa mama yake mzazi, amekaa nasi kwa miaka kadhaa sasa. Mnamo Februari 2014, vikosi vya upinzani, vyenye Wanuer wengi, viliposhambulia Malakal, yeye alikuwa akimuuguza mwanawe katika hospitali kuu ya mji huo, mahali ambapo watu wengi walikuwa wamekimbilia wakiamini kwamba hospitali haiguswi. Wagonjwa walipigwa risasi vitandani. Mwanawe hakutoka humo akiwa hai. Baadaye aliishi katika kambi ya raia iliyolindwa na walinda amani wa Umoja wa Mataifa, na Februari 2016 kambi hiyo nayo ikavamiwa na kuchomwa, safari hii na watu wa upande mwingine kabisa wa vita. Alifika Nairobi akiwa na mkoba mmoja.

Sasa amekuja shemeji yangu, ndugu wa mume wangu kwa baba, mtoto wa yule mke wa Kinuer. Aliingia Kenya kwa basi kupitia Nadapal na Lokichoggio, baada ya mapigano ya Nasir ya mwaka 2025, akasema kwamba ameliacha jeshi la upinzani na hatarudi tena. Ni mtu mpole kupita nilivyotarajia, humpeleka kitinda mimba wetu shuleni asubuhi na hajawahi kumwinulia mtu sauti. Analala sebuleni, na usiku nimemsikia akiamka mara nyingi kuhakikisha kwamba mlango umefungwa.

Tangu alipofika, mama mdogo hali chakula alichokigusa. Amejitengea sufuria yake, sahani yake na kikombe chake. Shemeji akiingia sebuleni, yeye huingia chumbani. Wote wawili wanajua Kiarabu cha Juba vizuri sana, na hawajasemezana hata salamu. Juzi aliniita jikoni, akafunga mlango, akaniambia: "Muulizeni alikuwa wapi mwezi ule."

Nilimfikishia mume wangu ombi hilo, naye akakataa katakata. Anasema kwamba ndugu aliyefika nyumbani kwako akiwa na njaa hahojiwi kama mshtakiwa. Mimi ninaamini kwamba analiogopa jibu, wala simlaumu. Shemeji mwenyewe amewahi kunieleza jambo moja tu, bila kuulizwa: kwamba vita vilipoanza Juba tarehe 15 Desemba 2013, yeye alikuwa raia akiishi mtaa wa Gudele, na kwamba wengi aliokuwa nao wakati huo hawapo.

Naomba mniambie kwa dhati: je, aulizwe? Akiulizwa, ni nani mwenye haki ya kumuuliza? Na watu wawili wa namna hii waendelee kulala chini ya paa moja, au ninamtesa mzazi wangu kwa jina la undugu?

---

Mzawa wa Burnt Forest

Mwalimu, pole sana. Mimi si wa Sudan Kusini, lakini nilikuwa Uasin Gishu mwanzoni mwa mwaka 2008, wakati kanisa la Kiambaa lilipochomwa na watu wakiwa ndani. Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia zile za baada ya uchaguzi, ilihesabu watu 1,133 waliouawa nchini katika wiki zile. Vita vyetu havikuitwa vita vya wenyewe kwa wenyewe kwa sababu vilizimwa mapema, lakini anayechomewa nyumba na jirani anayemjua kwa jina hasubiri kuambiwa vinaitwaje.

Nitakueleza kilichotuumiza baada ya moto kuzimika. Mwezi Mei mwaka huohuo serikali ilianzisha mpango wa kuturudisha makwetu, na katika kila baraza tuliambiwa tusameheane, tushikane mikono, tuendelee na kilimo. Hakuna aliyetuuliza kama tulikuwa tayari. Tuliowashika mikono walijua walichokifanya, nasi tulijua kwamba wanajua, na mkono ule ulikuwa mzito kuliko jembe. Msamaha wa kuamrishwa ni jeraha la pili. Kwa hiyo ninakusihi: usimwombe mama huyo asameheane na yeyote, usimkalishe meza moja na shemeji yako kwa kisingizio cha chakula cha Jumapili, na usiwaruhusu viongozi wa dini waje kuwaombea pamoja kabla yeye mwenyewe hajasema kwamba anataka. Ile sufuria yake iheshimiwe na wote humo ndani, watoto wakiwemo.

---

Hakimu wa Mtaa

Sioni ugumu ulio hapa. Mtu aliyebeba bunduki katika jeshi lililoua wagonjwa hospitalini hana nafasi katika nyumba yenye watoto na mama aliyefiwa. Aondoke leo, maswali yafuate baadaye. Huruma mnayomwonyesha inachotwa kutoka kwa mama huyo, na yeye hana ziada ya kuwagawia.

---

Mwana wa Uvira

Ninamheshimu ndugu aliyetangulia, na sentensi yake ya mwisho ni ya kweli, lakini hukumu yake imetangulia ushahidi. Jeshi la upinzani la Sudan Kusini lilikuwa na maelfu ya watu waliotawanyika kutoka Bentiu hadi Nasir. Kuwamo jeshini ni jambo moja, na kuwa katika hospitali ile siku ile ni jambo jingine.

Mimi ni Mkongomani, ninaishi Nairobi, na kwetu Kivu hakuna familia isiyo na mwanajeshi na mkimbizi mezani pamoja. Mwaka 1996, wakati muungano wa Laurent-Désiré Kabila ulipoanza vita vya kumwondoa Mobutu, vijana wadogo walichukuliwa mashuleni na barabarani wakawa kadogo, na kaka yangu alikuwa mmojawapo. Aliondoka nyumbani akiwa mtoto wa kutumwa sokoni. Mobutu alipoanguka Mei 1997, sisi tulidhani kwamba atarudi. Badala yake, Agosti 1998 vita vya pili vikaanza na waliokuwa marafiki wakageuka maadui, naye akajikuta akipigana na watu aliokula nao. Aliporudi alikuwa ametendwa mengi na ametenda mengi, na sisi hatukujua tuanze kumlilia kwa lipi.

Ninalotaka kukuonyesha, Mwalimu, ni kwamba ukiyatazama maneno ya shemeji yako kwa makini, amekwisha kukueleza sehemu kubwa. Alisema kwamba mnamo Desemba 2013 alikuwa raia, na kwamba alikuwa Gudele. Tume ya uchunguzi ya Umoja wa Afrika, iliyoongozwa na Olusegun Obasanjo, iliandika juu ya Gudele: wanaume wa Kinuer walikusanywa na askari wa serikali katika jengo la polisi wakapigwa risasi humo ndani. Kama alitoka hapo, basi yeye naye ni mtu aliyenusurika, kabla ya kuwa mwanajeshi. Miezi miwili tu inatenganisha mauaji ya Juba na mauaji ya Malakal. Raia wa Desemba anaweza kuwa ndiye mwenye bunduki wa Februari, na pengine alijiunga kwa sababu ya yale aliyoyaona. Hilo halimsafishi kama aliingia katika hospitali ile. Mtoto wa mama yule hakuwahi kumkosea mtu yeyote wa Gudele. Ila nafikiri swali la "alikuwa wapi mwezi ule" linahitaji kuanza mwezi wa Desemba, na pengine anayeuliza ajue hivyo kabla hajafungua kinywa.

---

MwalimuKasarani

Ndugu wa Uvira, nimeisoma taarifa yako mara kadhaa. Sikuwa nimeunganisha Gudele na yaliyotokea huko. Mume wangu alipoisoma alinyamaza, kisha akaniambia kwamba rafiki waliyesoma naye aliuawa katika mtaa huo, jambo ambalo hakuwahi kunitajia. Ndugu Hakimu, sikukasirikia maneno yako; ndiyo ninayoyawaza usiku ninapomsikia mama mdogo akikohoa chumbani huku mwingine akitembea sebuleni.

---

Mshauri Nasaha

Dada Mwalimu, nimefanya kazi ya unasihi na wakimbizi hapa Nairobi kwa muda mrefu, kwa hiyo nitajibu upande ninaoujua.

Watu wote wawili uliowaeleza wana dalili za watu walioumizwa na vita, ingawa hazifanani. Anayeamka kuangalia mlango na anayejifungia chumbani wote wanaulinda mwili wao dhidi ya jambo lililokwisha kupita ambalo mwili haujakubali kwamba limepita. Usiku, shemeji akiwa ndotoni, mtu asimwamshe kwa kumgusa. Asimame mbali na amwite kwa jina. Watoto waelezwe hivyo kwa maneno mepesi, bila kutishwa. Pombe isiwepo nyumbani kabisa, kwa kuwa wengi waliotoka vitani huitumia kama dawa ya usingizi na ndiyo inayovunja nyumba.

Kuhusu kuwataka waeleze yaliyowapata: kumlazimisha mtu asimulie kisa chake kizima kwa kikao kimoja, hata kwa nia njema, si tiba, na kunaweza kumzidishia maumivu. Kwa hiyo swali likiulizwa, lisiulizwe mbele ya watu wengi, wala usiku, wala siku ambayo aliyeulizwa hana mahali pengine pa kwenda kulala. Hilo la mwisho ni muhimu kuliko mengine yote. Mtu anayejua kwamba jibu lake litamfukuza barabarani usiku huohuo atasema uongo, na mama atausikia uongo huo kwa muda wote uliobaki wa maisha yake.

Ndiyo maana ninapendekeza kwamba mtenganishe malazi kwanza, kabla ya swali lolote. Mtafutieni shemeji chumba karibu, Mwiki au Githurai, ambako kodi ni nafuu. Iwe wazi kwamba hamumwadhibu: mnampa mama nafasi ya kupumua na kumpa yeye mlango anaoufunga mwenyewe. Anayelala sebuleni hana mlango. Wote wawili wakihitaji matibabu zaidi, Hospitali ya Mathari inapokea wagonjwa wa msongo wa aina hii, na zipo huduma za ushauri kwa wakimbizi ambazo hazilipishwi.

---

Mzaliwa wa Bor

Mke wa ndugu yangu, nakuita hivyo kwa sababu kwetu mke wa Malakal ni mke wetu sote. Mimi ni Mdinka wa Bor. Nilikulia katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma, nikajifunza Kiswahili huko, na sasa ninaishi Nairobi. Mwaka 1991, chama cha ukombozi kilipogawanyika huko Nasir, watu wetu wa Bor waliuawa na vikosi vilivyotoka upande wa Wanuer. Mnamo Desemba 2013 Wanuer waliuawa Juba, na baada ya hapo Bor ikashambuliwa tena. Nimezika jamaa kutoka pande zote mbili za karne, kwa hiyo sitazungumza kama mtu asiye na upande. Nitazungumza kama mtu aliyechoka na pande.

Wengi hapa wameichukulia ile sufuria kuwa ni chuki au hofu. Mimi ninaiona kwa namna nyingine. Katika mila za Wanuer, na sisi Wadinka tuna zinazokaribiana nazo, damu ikishamwagika kati ya koo mbili, watu wa koo hizo hawali pamoja wala hawanywi katika chombo kimoja mpaka jambo lisuluhishwe mbele ya mzee mwenye mamlaka hayo, kwa ng'ombe wa fidia na wa kafara. Kula pamoja kabla ya hapo huleta maradhi na kifo kwa wanaokula. Sijui mama huyo analichukuliaje jambo hili kwa Kishilluk, lakini shemeji yako ni Mnuer, na ninakuhakikishia kwamba anaielewa sufuria ile kuliko mnavyoielewa ninyi. Kila siku anapoiona, anaulizwa swali lile. Kimya chake mezani huenda ni adabu, na huenda ni jibu.

Mama naye ana uchungu mwingine ambao pengine hamkuutaja. Vikosi vya Washilluk vilivyoongozwa na Johnson Olony vilikuwa upande wa serikali wakati Malakal iliposhambuliwa mwaka 2014, kisha mwaka uliofuata vikahamia upinzani. Yaani wana wa nyumbani kwake walikwenda kuungana na wale waliovamia hospitali. Amri hizo hutolewa juu, na mama aliyefiwa huachwa chini akiwa hana upande wa kuulilia.

Sasa ni nani aulize? Mume wako hafai, kwa sababu damu ya pande zote mbili imo ndani yake, na jibu lolote litampasua. Wewe hufai, ingawa una moyo mwema, kwa sababu u mke katika nyumba hiyo na hutakiwi kuwahukumu wakwe. Mama ana haki, lakini asiachwe peke yake. Panahitajika watu wazima wawili, Mshilluk mmoja anayeaminiwa na mama na Mnuer mmoja anayeheshimiwa na shemeji, wakae nao nje ya nyumba yenu. Mwaka 1999 huko Wunlit machifu wa Kinuer na Kidinka walikaa kwa siku nyingi, kila jamii ikaitaja hadharani idadi ya watu na ng'ombe iliowapoteza na majina ya waliohusika, wengine wakisikiliza bila kukatiza, na ndipo fahali mweupe akachinjwa. Kwanza yalisemwa, kisha yakafungwa. Mikataba ya Addis Ababa, ule wa 2015 na ule wa 2018, iliahidi mahakama maalumu ya kuwahukumu waliotenda uhalifu, na mahakama hiyo haijaundwa. Serikali ikishindwa kuwasikiliza watu, wazee hawana ruhusa ya kungoja.

---

Karani wa Sheria

Naongeza jambo fupi la kisheria. Shemeji asiishi bila kujiandikisha. Aende katika Idara ya Huduma kwa Wakimbizi na aseme ukweli kwamba alikuwa mwanajeshi. Hadhi ya mkimbizi ni ya raia, kwa hiyo aliyekuwa mpiganaji hutakiwa kuthibitisha kwamba ameacha silaha kwa dhati na kwa kudumu, na maombi yake huchunguzwa peke yake. Pia, mtu ambaye kuna sababu nzito za kuamini kwamba alitenda uhalifu wa kivita halindwi na sheria ya wakimbizi. Asishawishiwe na mtu yeyote kujiita mchungaji wa ng'ombe ili mambo yaende haraka. Uongo ukigundulika baadaye, atapoteza hata haki aliyokuwa nayo.

Kwa upande wa mama: Umoja wa Mataifa uliunda mwaka 2016 Tume ya Haki za Binadamu kuhusu Sudan Kusini, ambayo kazi yake ni pamoja na kukusanya na kuhifadhi ushahidi. Sudan Kusini si mwanachama wa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, kwa hiyo njia zake ni chache, lakini akitaka simulizi la mwanawe liandikwe mahali rasmi, ana haki ya kufanya hivyo bila kumtegemea shemeji ajibu lolote.

---

Hakimu wa Mtaa

Baada ya kumsoma ndugu wa Bor na Mshauri, nalegeza neno "leo". Silegezi neno "aondoke". Mama alifika nyumba hiyo kwanza, na ndiye aliyefiwa.

---

MwalimuKasarani

Nimewasoma nyote, pamoja na mume wangu, na tumefikia hapa.

Shemeji anahamia Mwiki mwisho wa mwezi. Binamu yao ana chumba huko na amekubali kukaa naye. Sisi tutachangia kodi hadi apate kazi, na tutamsindikiza kwenda kujiandikisha. Nilipomweleza, hakupinga. Aliuliza kama ataruhusiwa kuendelea kumpeleka mtoto shuleni, nikamwambia kwamba hilo tutamuuliza mama mdogo, kwa sababu tangu sasa ya nyumba hii anaanza kuulizwa yeye.

Nilimweleza mama mdogo pendekezo la wazee wawili. Alisikiliza mpaka mwisho. Aliuliza kama mzee wa Kinuer atakuwa mtu aliyekuwa Upper Nile wakati wa vita, kwa sababu hataki mtu atakayemwambia kwamba hayo hayakutokea. Kuhusu simulizi la mwanawe kuandikwa rasmi, alisema ndiyo hapohapo, na akataka jina lake lote liandikwe, la babu yake likiwemo. Kuhusu kukutana na shemeji, alisema bado, na hakuna atakayemharakisha. Sufuria yake imebaki mahali pake, na nimewaeleza watoto kwamba ni ya bibi na kwamba ana sababu yake, ambayo tutawaambia wakikua kidogo.

Mume wangu ndiye aliyebaki njia panda. Amekubali kwamba si yeye wa kuuliza, ila sasa anataka kujua kama awepo siku hiyo au asiwepo. Ndugu wa Bor, na yeyote mwingine aliyewahi kukaa katika kikao cha namna hii, naomba mnijibu juu ya hilo.

---

Mzaliwa wa Bor

Asiwepo ndani. Awe karibu, mahali ambapo ataitwa na kufika upesi. Yatakayosemwa humo, wazee watamwambia yanayomhusu, na yaliyobaki mama ataamua. Ninamjua mzee mmoja wa Kinuer hapa mjini aliyekuwa mwalimu Malakal kabla ya vita na aliyezikimbia pande zote mbili. Nitamwona wiki hii, kisha nikuandikie faraghani. Mtafuteni ninyi wa Kishilluk, na mama amkubali yeye kwanza.